Vada za Uwele Hupikwa Leo, Huliwa Kesho

Vada ya uwele hukatiwa hukumu mapema mno. Mpishi anaitoa kwenye karai, anaipuliza, anaimega, na papo hapo anatoa uamuzi: ngumu kidogo, chungu kidogo, mafuta yamezidi. Safari inayofuata anapunguza unga wa uwele na kuongeza wa ngano, anapunguza majani ya uwatu, anatia maji ili donge liwe laini mkononi. Kila rekebisho la namna hiyo huifanya vada iwe tamu zaidi kwa dakika 10 za kwanza na mbaya zaidi kwa saa 24 zinazofuata. Miaka ya kukaanga vitafunwa hivi nyumbani, na ya kula vya wenzangu, imenipa msimamo mmoja ninaotaka kuutetea: vada za uwele na uwatu ni chakula cha kesho. Mapishi yake yamepangwa kwa ajili ya mlaji wa baridi, siku moja baada ya karai kuepuliwa, na hatua zake nyingi zinazoonekana kama ukaidi wa wazee huanza kueleweka ukizitazama kutoka upande huo.

Ushahidi wa kwanza uko kwenye kalenda ya wenyewe. Kwao vada hizi ni Gujarat, jimbo la magharibi mwa India, na siku yake kubwa ni Randhan Chhath, siku ya sita ya nusu ya giza ya mwezi wa Shravan, ambayo mara nyingi huangukia Agosti. Siku hiyo akina mama wa Kihindu hupika kutwa: thepla (mikate myembamba yenye viungo), puri, vitu vitamu, na vada za uwele sinia kwa sinia. Usiku jiko huzimwa na kusafishwa, na siku ya saba, Shitala Satam, haliwashwi kabisa. Nyumba nzima hula baridi kilichopikwa jana, kwa heshima ya Shitala, mungu wa kike ambaye vizazi na vizazi vilimwomba awakinge watoto na ndui. Ndui yenyewe imekwisha duniani. Mtu wa mwisho kuambukizwa kwa njia ya kawaida alikuwa mpishi wa hospitali, mwaka 1977, katika mji wa Merca nchini Somalia, na mwaka 1980 Shirika la Afya Duniani likatangaza kwamba ugonjwa umetokomezwa. Majiko ya Gujarat yangali yanazimwa siku hiyo, na vada zingali zinaliwa baridi.

Kwa mtu anayepika, jambo la kutazama hapo ni hali ya hewa. Shravan ni katikati ya majira ya mvua. Hewa imejaa unyevu, joto halijashuka, nguo hazikauki kwenye kamba, chumvi inalowa ndani ya kopo. Ukitafuta wakati mbaya zaidi wa kulaza chakula juu ya meza, huo ndio. Kwa hiyo chakula kinachorudi mezani siku hiyo mwaka hadi mwaka kimekwisha kutahiniwa mahali pagumu, na wasiofaulu, yaani vitu vyenye maji mengi ndani, wameachwa njiani. Ndiyo maana nasema kanuni ya vada ni moja, nayo ni vita dhidi ya maji. Mengine yote, pilipili nyingi au chache, kitunguu saumu kiwemo au kisiwemo, ni hiari ya nyumba, na nyumba nyingi za Kigujarati hazikubaliani juu yake hata leo.

Tuanze na uwele. Nafaka hii si ngeni kwetu, na kwa kweli iliwafikia Wahindi kutoka huku. Ilianza kulimwa ukanda wa Saheli, Afrika Magharibi, zaidi ya miaka 4,000 iliyopita, kisha ikavuka hadi Bara Hindi, ambako leo Rajasthan inaongoza kwa kuilima na Gujarat nayo huilima. Dodoma na Singida wanaijua kama ugali wa miaka ya mvua chache. Sifa yake jikoni ni kwamba haina ule mnato wa ngano unaolifanya donge livutike na kushikana. Anayejua mofa ya pwani, inayookwa kwa unga wa mtama, anajua tabia ya unga usiovutika: unaukanda, unapasuka, unautandaza, kingo zinachanika. Wengi huiona hiyo kuwa kasoro. Lakini chapati ya ngano iliyolala huwa kama ngozi, inavutwa na meno, kwa sababu mnato uleule ulioisaidia jana umekaza leo. Vada ya uwele haina cha kukaza. Ikipoa hubaki inameguka, na hiyo ndiyo sifa unayoitaka saa tatu asubuhi ya siku ya pili, jiko likiwa limezimwa. Ngano inaruhusiwa kidogo, robo kikombe kwa vikombe 2 vya uwele, kazi yake ikiwa kushikilia tu. Ikifika nusu kwa nusu, umeshapika kitu kingine.

Unga wenyewe uwe mpya. Uwele una mafuta mengi kuliko nafaka nyingi, karibu asilimia 5, na vimeng'enya vilivyomo ndani ya punje huanza kuyavunja mara tu punje inaposagwa. Katika joto la Dar es Salaam au Mombasa siku chache zinatosha: unga unanuka uzito fulani, kama kopo la mafuta lililosahaulika, na uchungu wake hauondoki kwa sukari wala pilipili. Wengi husingizia uwatu. Tofauti inajulikana ulimini. Uchungu wa uwatu huja mwanzo wa tonge na kuondoka pamoja nalo. Uchungu wa unga uliochacha huja baadaye, nyuma ya koo, na kukaa. Punje nzima inatunzika kwa miezi, kwa hiyo nunua punje, kausha vizuri, saga kilo moja ukijua utaimaliza juma hilo.

Uwatu ndio tatizo hasa, na ndio unaothibitisha hoja. Huku pwani wengi wanaujua kwa mbegu zake, zile za kahawia zenye pembe, zinazolowekwa kwa hulba au kuchemshiwa mzazi uji. Majani yake hayaonekani sokoni mara nyingi, ila mbegu hizohizo za duka la viungo, zisipokuwa za zamani mno, huota ndani ya siku chache zikimwagwa kwenye beseni la udongo, na ndani ya mwezi unavuna. Jani la uwatu ni dogo, laini, limejaa maji. Kwa chakula kinachopigana na maji, huyo ni adui uliyemkaribisha mwenyewe nyumbani. Ndiyo sababu mapishi yanamzungushia masharti mengi: majani yaoshwe mapema, asubuhi kwa mapishi ya jioni, yatandazwe juu ya kitambaa hadi jani lisiache alama ya maji kwenye kidole, mashina yatupwe, yakatwe kwa kisu kikali, maana kisu butu hulisaga jani na kulitoa maji kabla ya wakati. Kisha chumvi. Chumvi ikigusa majani, maji hutoka, na hayo ndiyo maji karibu yote ambayo donge litahitaji. Mtu anayemimina kikombe cha maji kwenye bakuli mwanzoni hajui kwamba baada ya robo saa atakuwa na uji.

Hapa anayeijua Gujarat vizuri atanikatiza. Uwatu, atasema, ni mboga ya majira ya baridi. Agosti majani mabichi ni haba na ghali, kwa hiyo vada zenye uwatu ni za Desemba na Januari, wakati watu wanapoota jua asubuhi na chai, na hazihusiani na siku ya jiko kuzimwa. Ni kweli kwa upande wa msimu. Nyumba nyingi Agosti hutumia majani makavu au hupika vada bila uwatu kabisa. Lakini tazama kinachotokea majani mabichi yanaporudi: mapishi hayabadiliki. Mtindi ni uleule mchachu, sukari guru ileile, mafuta yaleyale ndani ya donge, na vada bado zinapangwa kwenye kopo kwa siku mbili tatu. Kama zingekuwa kitafunwa cha moto kilichoazimwa kwa sikukuu, ningetegemea msimu wa baridi uwe na toleo lake laini, lenye maji zaidi, la kuliwa papo kwa papo. Toleo hilo lipo, ila lina jina jingine na chombo kingine: ni dhebra, mkate mwembamba wa uwele na uwatu unaochomwa juu ya kikaango kwa mafuta kidogo. Watu wa Gujarat wenyewe wamekwisha kutenganisha kazi hizo mbili.

Mtindi na sukari guru navyo huhukumiwa kwa ladha peke yake, kana kwamba viliwekwa kwa ajili ya chachu na utamu tu. Chachu ya mtindi huzuia vijidudu vingi vinavyoharibu chakula, na sukari hushika maji yaliyobaki ili yasitumiwe na vijidudu hivyo. Havigeuzi vada kuwa biskuti ya dukani, lakini vinanunua muda. Mtindi uwe mzito, uliolala siku mbili, na sukari guru ikunwe na kuyeyushwa ndani yake kwanza, nusu kikombe cha mtindi kwa vijiko 2 vya sukari, kabla unga haujaingia. Bonge la sukari lisiloyeyuka huungua kwenye mafuta na kuacha doa jeusi chungu. Halafu vinafuata tangawizi na pilipili mbichi zilizotwangwa, manjano, mvuje kidogo, ufuta vijiko 2, na mafuta ya moto vijiko 2 yanayomiminwa juu ya unga na kusuguliwa kwa ncha za vidole hadi unga uwe kama mchanga mbichi. Hatua hii ya mafuta ndiyo inayorukwa zaidi, kwa kuwa mtu anajiuliza kwa nini kitu kinachokwenda kukaangwa kitiwe mafuta tena. Jibu linapatikana kesho yake: vada iliyosuguliwa mafuta huvunjika kwa meno, na isiyosuguliwa hugongwa.

Kukaanga kwenyewe kunastahili jicho la karibu. Madonge ya ukubwa wa ndimu yanabonyezwa kati ya vipande viwili vya plastiki hadi unene wa nusu sentimita; kingo zinazopasuka zinapitishiwa kidole chenye maji, kidole tu. Mafuta yawe ya joto la wastani. Kipimo ni kipande kidogo cha donge: kikipanda juu papo hapo na kuwa kahawia, mafuta ni makali, kikikaa chini kimya, bado, kinachotakiwa ni kipande kinachopanda taratibu kikizungukwa na mapovu. Mapovu hayo ni maji yanayotoka kama mvuke, na mpishi wa vada anayasikiliza kuliko anavyoangalia rangi. Vada ikiingia, karai hupiga kelele. Baada ya dakika 2 au 3 kelele inapungua, mapovu yanakuwa madogo na machache, ufuta wa juu unageuka rangi ya dhahabu. Ipindue, usubiri kelele ipungue tena. Moto mkali hutoa rangi kabla maji hayajatoka, kwa sababu sukari guru na mtindi huwahi kubadilika rangi. Ukiipasua vada hiyo katikati utaona mstari wa unyevu wa kijani kibichi, na mstari huo ndio utakaovunda.

Pingamizi la afya ni zito, nami silipuuzi. Kitu kilichozama kwenye mafuta ni kitu kilichozama kwenye mafuta, na sifa za uwele, madini ya chuma na nyuzinyuzi, ambazo zilipigiwa debe kote duniani mwaka 2023, ambao Umoja wa Mataifa uliutangaza kuwa Mwaka wa Kimataifa wa nafaka za jamii ya uwele na ulezi, hazifuti hesabu hiyo. Tena chuma cha uwele hakifyonzwi chote mwilini, kwa kuwa punje ina asidi inayokishika. Sitaki kuuza vada kama dawa. Ninachokataa ni hitimisho kwamba basi ziokwe kwenye oveni, au zipunguziwe moto ili "zisinywe mafuta." Mafuta mengi huingia baada ya vada kutoka kwenye karai, si ikiwa ndani: mvuke uliobaki unapopoa hunywea, na mafuta yaliyoganda juu huvutwa kujaza nafasi. Kwa hiyo anayeogopa mafuta afanye kazi yake katika nusu dakika ile, atikise kijiko cha matundu, aweke vada kwenye wavu au chekecheke, azigeuze. Moto mdogo hufanya kinyume cha anachokusudia, kwa kuwa vada hukaa muda mrefu na hutoka imelowa. Ya oveni hukauka juu na kubaki mbichi katikati, au hukauka yote na kuwa kigae. Ambaye daktari amemkataza vya mafuta, dhebra ipo, na ni chakula kizuri kwa haki yake yenyewe. Wengine wale 2 au 3, na mtindi pembeni.

Kuna pingamizi jingine ambalo nalichukulia kwa uzito zaidi, nalo ni la usalama. Tumefundishwa kukiogopa kiporo, na kwa haki: wali uliolala nje usiku kucha unaweza kumwangusha mtu mzima. Kumwambia msomaji ale kilichopikwa jana, baridi, bila kupashwa, kunaonekana uzembe. Lakini kinachouponza wali ni maji, na ndiyo hoja yangu tangu mwanzo. Vada iliyokaangwa hadi karai ikanyamaza, ikapozwa wazi, ina maji machache sana, ina chachu, chumvi na sukari. Wali una maji tele, na hauna chachu wala sukari. Vada iliyotolewa mapema, ikiwa na ule mstari wa kijani, iko karibu zaidi na wali kuliko na vada, na hiyo sishauri mtu ailaze. Siku moja ni salama kwa kazi iliyofanywa vizuri, siku mbili tatu kwa mkono uliozoea na hewa kavu. Anayedai zinakaa wiki mbili anazungumzia vada nyingine, kavu, zisizo na majani mabichi.

Nadhani hapa pia ndipo penye maelezo ya jambo ambalo limenishangaza muda mrefu. Vyakula vingi vya karai vya Wahindi vimekuwa mali ya pwani nzima. Bajia, sambusa na kachori zinauzwa kila kona Unguja, Tanga na Mombasa, na hakuna anayeuliza kwao ni wapi. Vada za uwele zimebaki ndani ya nyumba za Wagujarati walioishi nasi miaka yote hiyo, ingawa uwele tunao, ufuta tunao, na uwatu unauzwa dukani. Bajia ni chakula cha barazani: inauzwa ikichuruzika mafuta, inaliwa na chatine ya nazi mlaji akiwa amesimama, na baada ya nusu saa imekwisha thamani. Vada haina mvuto huo. Ya moto haiishindi bajia hata siku moja, na mteja hawezi kuambiwa alipe leo arudi kuonja kesho. Ni chakula cha kopo la jikoni na cha mkoba wa safari, sawa na thepla ambayo Wagujarati wanajulikana kwa kuibeba hadi kwenye ndege, na chakula cha aina hiyo husambaa polepole, kutoka jirani hadi jirani.

Limebaki la friji. Kama friji ipo, wengine husema, vita vya maji vya nini? Pika laini, hifadhi baridi, pasha. Kwa mchuzi, sawa. Kwa vada, friji ni rafiki wa mashaka: ikitoka kwenye ubaridi na kukutana na hewa ya pwani, hutoka jasho juu, na ufuta ulioukaanga kwa subira hulegea. Ukipasha, mafuta hutoka nje na ladha ya uwatu hupotea. Na ladha ndiyo inayonifanya nisikubali kwamba taratibu hizi zimepitwa na wakati. Ikiwa moto, vada ina pilipili na uchungu, kila kimoja kwa nafsi yake. Ikilala, chachu inasambaa, sukari guru inaushika uchungu wa uwatu, na manjano yanaacha kunuka ubichi. Zipoze zikiwa zimetandazwa, safu moja, bila kifuniko, hata ikichukua saa 2, kwa kuwa mvuke ukifungiwa ndani ya kopo hurudisha maji yote uliyoyafukuza. Mkono ukiweka juu usihisi joto lolote, ndipo zipangwe kwenye kopo la bati lenye karatasi chini, na kopo likae mbali na jiko. Asubuhi ziliwe na mtindi mzito au achari tamu ya embe iitwayo chhundo, na chai isiyo na sukari nyingi. Zikibaki hadi siku ya tatu, hapo ndipo ziingie kwenye friji.